Roger Corman, mtayarishaji wa filamu za pesa kidogo: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kijana akitaka kutengeneza filamu, swali lake la kwanza huwa ni kamera gani anunue. Mimi humjibu kwa kumtajia Roger Corman, na hapo ndipo maswali huanza. Haya ndiyo yanayorudi kila mara.

Huyo Corman ni nani hasa?

Ni Mmarekani aliyezaliwa Detroit tarehe 5 Aprili 1926, akafariki Santa Monica, California, tarehe 9 Mei 2024 akiwa na miaka 98. Katikati ya tarehe hizo alitayarisha filamu mamia, na zaidi ya 50 aliziongoza mwenyewe. Nyingi zitakuchekesha hata pale ambapo hazikukusudia: kaa wakubwa kama magari, mmea unaodai kulishwa watu, papa mwenye mikono ya pweza. Watayarishaji wengi wakihojiwa husimulia ndoto zao. Corman alisimulia gharama: siku ngapi, dola ngapi, seti ya nani. Ndiyo maana anafaa kusomwa na mtu asiye na mfadhili.

Alisomea filamu?

Hapana, alisomea uhandisi wa viwanda katika Chuo Kikuu cha Stanford. Baada ya kumaliza alipata kazi katika kampuni ya mota za umeme Los Angeles, akaanza Jumatatu na kuacha Alhamisi. Kisha akaingia kampuni kubwa ya filamu, 20th Century-Fox, kama tarishi wa barua, akapanda hadi kuwa msomaji wa skripti. Hapo alitoa mapendekezo juu ya hadithi iliyokuja kuwa The Gunfighter (1950). Mapendekezo yalitumika, jina lake halikuonekana popote. Akaondoka, akaenda Oxford kusoma fasihi kwa muhula mmoja kwa fedha ambazo serikali ya Marekani iliwatengea waliotumikia jeshi, kisha akarudi akiwa hana kitu.

Watu huona uhandisi ule kama miaka iliyopotea. Mimi naona ndio ulikuwa shule yake. Mtu wa viwanda hafundishwi kutengeneza kitu kizuri kimoja. Anafundishwa mashine isisimame.

Mtaji wa kwanza aliupata wapi?

Aliuza skripti, ikawa filamu ya Highway Dragnet (1954). Pesa ile akaichanganya na michango ya marafiki na jamaa, akatengeneza Monster from the Ocean Floor mwaka huohuo. Pesa taslimu aliyokuwa nayo ilikuwa kama dola 12,000, na upigaji picha ulichukua siku sita. Hadithi ilihitaji nyambizi. Corman alikuwa amesoma gazetini habari za nyambizi ndogo ya mtu mmoja iliyoundwa na kampuni ya Aerojet General, akawapigia simu akaomba kuitumia bure, wao wapate kuonekana kwenye filamu. Wakakubali. Lori la vifaa aliliendesha mwenyewe, alfajiri, akashusha mizigo kabla mafundi hawajafika.

Hebu angalia mpangilio wa mambo pale. Angeweza kuandika hadithi kwanza kisha ahangaike kutafuta nyambizi. Yeye alijua nyambizi ipo wapi, hadithi ikaifuata.

Kwa nini unasema The Fast and the Furious ndiyo iliyomtengeneza?

Hili watu hulipita haraka, nami nataka tukae nalo kidogo. Ninayoizungumzia ni ile ya miaka ya 1950, nyeusi na nyeupe; ile ya magari ya rangirangi ya mwaka 2001 ilichukua jina tu, kwa makubaliano.

Corman alikuwa na filamu mkononi, tayari imekamilika. Kampuni kubwa kadhaa zilitaka kuisambaza. Lakini aliona shimo mbele yake: ukimpa msambazaji filamu, unakaa kusubiri. Ichapishwe, ipelekwe kumbini, kumbi zilipe, msambazaji akate chake, na chenji yako ikifika mwaka umekwisha. Mwenye pesa kidogo akisubiri mwaka mzima huyo si mtayarishaji tena, ni mtu aliyewahi kutengeneza filamu.

Kwa hiyo akawaendea James Nicholson na Samuel Arkoff, waliokuwa ndio kwanza wanafungua kampuni yao na hawana filamu ya kuuza. Aliwaambia: chukueni hii, lakini nipeni malipo ya awali sasa hivi, na tuafikiane filamu nyingine zinazofuata kwa mtindo huohuo. Wakakubali. Kampuni ile ndiyo ikaja kuwa American International Pictures, na kwa miaka kumi na tano iliyofuata Corman hakukaa bila kazi.

Ukiniuliza siri yake ni nini, nitakuonyesha hapo. Bei ndogo ilikuja baadaye. Kwanza alihakikisha pesa ya filamu ya pili haitegemei mapato ya filamu ya kwanza.

Soko lake lilikuwa nani?

Vijana ndani ya magari. Mwaka 1948 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi dhidi ya Paramount na makampuni mengine makubwa ya filamu, nayo yakalazimika kuachana na kumbi yalizozimiliki. Wakati huohuo televisheni ikawazuia wazazi sebuleni. Waliobaki kutoka usiku walikuwa vijana, nao walijazana kwenye sinema za wazi ambako unatazama ukiwa umeketi garini. Wazee wetu wanazikumbuka: Dar es Salaam ilikuwa na Drive-In yake Msasani, Nairobi ilikuwa na Fox njia ya Thika na Belle Vue njia ya Mombasa.

Kumbi hizo zilionyesha filamu mbili kwa tiketi moja, na ile ya pili ililipwa kiwango kidogo kisichopanda hata watu wakijaa. Nicholson na Arkoff wakaamua kutoa zote mbili wao wenyewe, kama furushi moja, ili mgao wa mlangoni uwe wao. Furushi la namna hiyo linataka filamu nyingi, za haraka. Corman alikuwepo.

Mara nyingi jina na bango vilitangulia skripti. Nicholson alibuni jina, wakachora bango, wakapima wenye kumbi wanasemaje, ndipo mwandishi akaitwa. Nimeona watu wakikunja pua kusikia hivyo. Lakini hata sisi leo kijana anaamua kufungua video au kuipita kwa kuangalia picha moja ndogo na maneno matano.

Ni kweli alipiga filamu nzima kwa siku mbili?

Karibu. The Little Shop of Horrors (1960) ilipigwa sehemu zake za ndani kwa siku mbili, mwishoni mwa 1959, kwenye seti iliyokuwa imebaki kutoka kazi nyingine. Picha za nje zikamaliziwa baadaye. Gharama yake ilikuwa kama dola 30,000. Waigizaji walifanya mazoezi siku kadhaa kabla, na hili ndilo wanaoiga siku mbili zake hulisahau. Mle ndani kuna kijana mmoja anayecheza mgonjwa wa meno anayefurahia maumivu. Ni Jack Nicholson, kabla hajajulikana.

Mabaki ya seti yalikuwa ugonjwa wake. Alipomaliza kupiga The Raven (1963), seti ya jumba la kifalme ilikuwa ibomolewe. Akamwomba Boris Karloff, mwigizaji mzee wa filamu za kutisha, abaki siku mbili zaidi, akampiga picha akipanda na kushuka ngazi, akifungua na kufunga milango, huku skripti haijakamilika. Miezi iliyofuata watu kadhaa walipokezana kuongoza vipande vilivyobaki, akiwemo Francis Ford Coppola, aliyekuja kuongoza The Godfather, na Jack Nicholson mwenyewe. Ikatoka The Terror. Nimeitazama mara tatu na bado sijui nani ni mke wa nani.

Lakini haikuishia hapo. Karloff alikuwa bado anadaiwa siku mbili za kazi. Corman akamwita Peter Bogdanovich, kijana aliyekuwa akiandika kuhusu sinema, akampa sharti: mtumie Karloff siku hizo mbili, chukua dakika kama ishirini kutoka The Terror, nyingine utapiga mwenyewe. Mtu mwingine angetoa takataka. Bogdanovich alitoa Targets (1968), hadithi ya mwigizaji mzee wa filamu za kutisha anayestaafu kwa sababu ulimwengu wenyewe sasa unatisha kuliko yeye. Ni filamu nzuri mno, na bila deni la siku mbili isingekuwepo.

Kwa hiyo zote zilikuwa za ovyo isipokuwa hiyo?

La. Kuanzia 1960 hadi 1964 aliongoza mfululizo uliotokana na hadithi za Edgar Allan Poe, mwandishi wa Kimarekani wa hadithi za kutisha, nyingi akiwa na mwigizaji Vincent Price, na humo utaona mwongozaji hasa. Ya kwanza, House of Usher (1960), ilipewa siku 15 na rangi, jambo kubwa kwake. Arkoff alilalamika kwamba filamu ya kutisha haina zimwi. Corman akamjibu kwamba nyumba yenyewe ndiyo zimwi.

Kwa picha za nje alihitaji ardhi iliyokufa. Akasikia moto umeteketeza msitu kwenye vilima vya Hollywood, akakimbilia huko na kamera na mwigizaji wake, akapiga miti iliyoungua. Kwa picha za jumba kuteketea, alitafuta ghala bovu lililokuwa livunjwe, akaruhusiwa kulichoma moto usiku. Mapaa yale yanayoanguka yameonekana tena kwenye filamu zake nyingine za Poe. Ukishazijua, unazisubiri kama mjomba anayekuja kila harusi.

Aliwalipa watu vizuri?

Hapana. Alikuwa mkono wa birika na hakuficha.

Alichotoa kilikuwa kitu kingine: kazi nzima, mapema, kwa mtu ambaye hakuna mwingine angemwamini. Coppola alianza kwake kwa kupewa filamu za Kisovyeti azikatekate na kuzigeuza za Kimarekani. Kisha akawa fundi sauti wa The Young Racers (1963), kazi aliyodai anaijua akaenda kusoma kijitabu cha mashine. Upigaji picha ulipokwisha kule Ulaya, vifaa na pesa kidogo vilikuwa vimebaki. Coppola akaomba atumie hivyo hivyo Ayalandi, Corman akatoa kama dola 20,000, ikatoka Dementia 13. Waongozaji wengine waliokuja kuvuma walipita hapohapo: Martin Scorsese alipewa Boxcar Bertha (1972). Jonathan Demme alipewa Caged Heat (1974). Ron Howard, aliyejulikana kama mwigizaji tu, alipata kuongoza Grand Theft Auto (1977), na Corman alimwambia waziwazi kwamba akifanya kazi vizuri hatalazimika kufanya kazi kwake tena.

James Cameron, aliyekuja kuongoza Titanic, aliingia kama fundi wa vyombo vya mfano kwenye Battle Beyond the Stars (1980), iliyotengenezwa katika yadi ya zamani ya mbao, Venice, California. Muda si muda akawa msimamizi wa sanaa. Gale Anne Hurd, aliyekuja kutayarisha The Terminator, alianza kama msaidizi wa Corman. Nao picha za vyombo vya angani za filamu ile? Zikatumika tena katika filamu zilizofuata, pamoja na muziki wake.

Je, huu ni ukarimu au unyonyaji? Nimelifikiria sana kwa sababu hata huku tunaambiana "njoo ufanye bure upate uzoefu". Tofauti ninayoiona ni moja. Kijana wetu anaitwa bure kubeba taa, na miaka mitatu baadaye bado anabeba taa. Kwa Corman ulibeba taa mwezi mmoja, kisha ukapewa filamu. Kama huna filamu ya kumpa mtu, mlipe.

Kitabu chake kinasema hakuwahi kupoteza hata senti. Kweli?

Jina la kitabu ni la kuuzia kitabu. Mwaka 1962 alitengeneza The Intruder, juu ya mchochezi anayefika mji mmoja wa Kusini kuwachochea Wazungu wakatae watoto weusi kuingia shule moja na watoto wao. Mchochezi aliigizwa na William Shatner. Hakuna kampuni iliyotaka kugusa jambo hilo, kwa hiyo Corman na mdogo wake Gene waliweka pesa zao. Walipiga picha kusini-mashariki mwa Missouri, wakiwatumia wenyeji ambao hawakuonyeshwa skripti yote. Habari zilipovuja wakatishiwa na kufukuzwa baadhi ya sehemu.

Wahakiki waliisifu. Watazamaji hawakuja. Corman alieleza baadaye kwamba tangu hapo aliweka burudani juu na ujumbe chini yake, mtu aupate kama anautaka. Mimi nadhani ilimuuma kuliko alivyokiri, maana hakurudia tena kusema jambo uso kwa uso namna ile. Katika filamu zake zote, kama una usiku mmoja, tazama hii.

Ni kweli alimpeleka Bergman kwenye sinema za magari?

Ndiyo. Mwaka 1970 alianzisha kampuni yake mwenyewe, New World Pictures, kwa sababu alichoka wengine kukata filamu zake. Pamoja na filamu za manesi na wafungwa wa kike zilizopigwa Ufilipino, kampuni hiyo ilisambaza Marekani kazi za waongozaji wakubwa wa nje: Bergman wa Uswidi, Fellini wa Italia, Kurosawa wa Japani na Truffaut wa Ufaransa. Cries and Whispers ya Bergman ilionyeshwa hata Drive-In. Amarcord ya Fellini ilipata Oscar ya filamu ya kigeni.

Mnamsifu tu. Hana doa?

Analo. Agizo lake kwa waongozaji vijana lilijulikana: weka purukushani, weka kichekesho, weka miili ya wanawake, kisha ukitaka weka na siasa kidogo. Aliajiri wanawake kuongoza wakati makampuni makubwa yalikuwa hayafanyi hivyo, Stephanie Rothman akiwa mmoja wao, na hilo ni haki yake. Lakini kwenye Humanoids from the Deep (1980), mwongozaji Barbara Peeters alimaliza kazi, kisha mtu mwingine akaitwa kupiga matukio ya mazimwi kubaka wanawake, yakaingizwa. Peeters alipinga hadharani na kutaka jina lake liondolewe. Halikuondolewa. Mtayarishaji anayedhibiti kila senti anadhibiti pia mambo kama hayo. Huwezi kumpa sifa ya moja ukamsamehe jingine.

Alifanyaje kuhusu hakimiliki?

Alijifunza kwa kuungua. The Little Shop of Horrors aliiacha bila kuilinda, akiamini haina maisha baada ya mwaka mmoja. Ikawa mali ya umma. Mwaka 1982 ikageuzwa mchezo wa muziki jukwaani, mwaka 1986 ikawa filamu kubwa, na hadi leo mtu yeyote anaweza kuiuza ile ya kwanza.

Mwaka 1983 alipouza New World Pictures kwa dola milioni 16.5, maktaba ya filamu zake hakuiuza. Aliuza jina na ofisi, akabaki na kabati. Kanda za video zilipoenea akawa na bidhaa tayari.

Hapa huwa napata uchungu kidogo. Enzi za DVD mimi nilipeleka masta kwa msambazaji mmoja Kariakoo, nikalipwa mara moja, nikatia saini karatasi ambayo sikuisoma hadi mwisho. Filamu ile bado inazunguka mtandaoni na sina hata haki ya kuiondoa. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Yangu daftari lilikuwepo, ila lilikuwa lake.

Nina milioni tatu za Kitanzania. Nifanye nini ambacho Corman angefanya?

Andika kwanza orodha ya ulivyonavyo bila kulipa: nyumba ya shangazi Tanga, boti ya jirani, gereji ya rafiki, bendi ya taarabu inayofanya mazoezi Alhamisi. Hadithi itoke kwenye orodha hiyo. Sebule yenye sofa nyekundu tumeshaiona. Gereji usiku bado. Fanyeni mazoezi wiki nzima, maana mazoezi hayakodishi kamera. Pigeni picha zote za chumba kimoja kabla hamjahamisha taa. Chakula cha watu kisiwe mahali pa kubania, mtu akishinda njaa saa tisa alasiri kila picha inarudiwa mara nne.

Scorsese anasimulia kwamba Corman alimwambia aipiganie sehemu ya mwanzo, watu wajue kinachoendelea, na ya mwisho, watu wajue kilivyoishia. Ukiwa na siku nane, panga siku mbili nzima kwa dakika kumi za kwanza.

Na kabla hujapiga, mjue atakayenunua. Kama hayupo, punguza bajeti mpaka ifike kiasi ambacho ukikipoteza utaweza kuanza tena mwakani.

Nianze na filamu ipi?

A Bucket of Blood (1959) kwa kicheko, siku tano za kazi. The Masque of the Red Death (1964) kwa macho. Ilipigwa Uingereza na sehemu ya seti zake zilitoka kwenye Becket, filamu ya watu wenye pesa. Halafu The Intruder.

Ukimaliza, rudi kwenye The Godfather Part II, kwenye kikao cha kamati ya Seneti, uangalie waliokaa mezani kumhoji Michael Corleone. Mmoja wa maseneta ni Corman. Aliyemkalisha pale ni fundi sauti wake wa zamani.